Nyina wa Thamaki

Asubuhi ya mwisho tuliyokuwa wawili, Wariara aliamka kabla yangu kama kawaida. Akawasha jiko, akateleka chai, akatoka nyuma ya nyumba na kifuniko cha sufuria. Akakigonga kwa kijiko. Mara tatu, akangoja, mara mbili. Kuku wakaja mbio.

Nikamwambia, "Hao kuku wanakujua hata bila kelele."

"Na wewe je?" akasema. "Chai imekungoja tangu saa ngapi?"

Nikanywa. Ilikuwa na sukari nyingi. Daktari amenikataza sukari. Wariara alisahau, au hakusahau. Akaniuliza kama nimeona miwani yake. Ilikuwa kichwani kwake. Nikaonyesha kwa kidole, akaishusha machoni, akaketi juu ya debe lililopinduliwa, akaanza kukata sukuma wiki. Mimi nikaingia ndani kusikiliza habari kwa redio. Sikumbuki habari zilisema nini.

Saa nane mchana akasema ana kizunguzungu. Wiki haikuisha tukawa tumemzika hapa Lanet, kando ya ua wa kayaba alioupanda mwenyewe.

Kwenye mazishi waligawa karatasi yenye picha yake, na mzee mmoja wa kanisa akaisoma. Alizaliwa, akabatizwa, akaolewa, alikuwa mama wa nyumbani, alipenda maombi, ameacha watoto wanne na wajukuu kumi na mmoja. Ilichukua muda wa mtu kufunga kamba za viatu. Watu wakasema amina.

Mimi sikusema. Nilimuuliza binti yetu Mugure, "Samaki wako wapi?" Akafikiri uchungu umenichanganya. Akanishika mkono. "Baba, keti." Sikuketi.

Mimi sikusoma. Kalamu niliishika gumbaru, shule ya watu wazima, nikiwa na mvi, na Kiswahili ndicho walichotufundishia. Kwa hivyo nitaandika kidogo. Lakini ile karatasi siikubali. "Mama wa nyumbani" halikuwa jina lake. Jina lake alipewa na watu waliotaka kumuumiza. Akalichukua, akalivaa, likakaribia kumtia ndani, na bado hakulivua.

Mwaka wa hamsini na mbili tulikuwa kwa shamba la mzungu mmoja upande wa Rongai, chini ya Salgaa. Salgaa siku hizo haikuwa na malori wala mahali pa kulala. Ilikuwa nyasi. Mto Molo ulipita mwisho wa shamba, maji ya kahawia, mawe makubwa. Mimi nililima na maksai. Tulikuwa tumeoana miaka minne. Watoto wawili walikuja. Wa kwanza alikaa siku tisa. Wa pili hakulia.

Yule mzungu alikuwa mzee, bibi yake amekufa. Mambo ya shamba alimwachia nyapara, Mnandi mmoja mrefu, Kimaiyo, mtu wa maneno machache na fimbo ambayo hakuitumia. Mzungu mwenyewe akili yake ilikuwa kwa samaki. Nyumba yake ilijaa chupa, na ndani ya kila chupa samaki amekufa, amesimama kwenye spiriti kama mtu anayengoja kuitwa. Tulimwita Bwana Machupa. Jina lake la kuzaliwa sikulijua.

Bwana Machupa alikuwa anasafiri na gari lake mpaka kwa mito ya mbali, anarudi na madebe ya maji, na ndani samaki wadogo, wazima. Akachimba vidimbwi vitatu kando ya Molo. Maji yaliingia kwa mfereji huku, yakatoka kule, yakarudi mtoni. Kidimbwi cha kwanza kilikuwa na samaki wa mto Athi, cha pili wa Ewaso Ng'iro, cha tatu wa kijito fulani cha upande wa Baringo. Akataka mtu wa kuwalisha asubuhi na jioni, kuondoa majani, na kufukuza ndege.

Hakupatikana mtu. Sisi Wakikuyu samaki hatukuwala. Walihesabiwa pamoja na nyoka, ni nyoka tu wa majini. Mtu akimshika ananawa kwa majivu. Kimaiyo na watu wake pia waligeuza uso. Siku tatu Bwana Machupa aliuliza, siku tatu watu wakaangalia chini.

Siku ya nne Wariara akasema, "Nipe mimi."

Mimi sikuulizwa.

Hapa kuna neno moja nataka lieleweke mapema. Sisi tukisema samaki, ile s inatuponyoka, ulimi unaingia kati ya meno. Tunasema thamaki. Ndilo neno letu, la kuazima, maana hatukuwa na sababu ya kuwa na letu kwa kitu tusichokula.

Na kuna desturi moja. Mwanamke kwetu akishazaa haitwi tena jina lake. Anaitwa Nyina wa fulani, mama wa fulani, kwa jina la mtoto. Ni heshima. Wariara alikuwa mke wa miaka minne, na hakuwa na wa kuitwa naye.

Kulikuwa na mwanamke jirani yetu, Wanjugu, watoto saba, sauti ya kusikika ng'ambo ya mto. Wariara akikaribia mahali pa kuteka maji, Wanjugu anaondoa kibuyu chake. Wengine wanafuata. Siku moja akamwita, wanawake wote wakisikia:

"Nyina wa Thamaki, umeshanyonyesha?"

Wakacheka mpaka mmoja akamwaga maji. Mimi nilisikia kutoka kwa maksai. Niliacha jembe nikateremka, na Wariara akanishika mkono akanirudisha. Hakulia. Aliosha miguu, akapika, tukala.

Kesho yake akawatangulia mtoni. Wanjugu alipofika, Wariara akamwamkia yeye kwanza. "Nyina wa Thamaki anakusalimu. Watoto wangu ni arobaini. Wewe wako wangapi?"

Wanjugu akasema, "Ni saba."

"Jikaze," Wariara akamwambia.

Tangu siku hiyo hilo ndilo jina. Ukimwita Wariara anaitika. Ukimwita Nyina wa Thamaki anaitika haraka zaidi. Kanisani Wanjugu alimwambia asikae benchi la mbele, ananuka maji ya dimbwi. Wariara hakusogea. Akauliza, "Huyo Petro unayemwimbia, wewe ulisikia alikuwa anauza maua?"

Lakini wale samaki hakuwapenda mara moja. Siku moja asubuhi alikuja mbio shambani, hajafunga kitambaa cha kichwa. "Anakula watoto wake," akasema. "Yule mama mkubwa wa kidimbwi cha kwanza. Nimemwona kwa macho. Wote, mmoja mmoja, mdomoni."

Mtu aliyezika wawili anaona samaki anakula wake wote. Akarudi na kikapu kumtoa amuue. Akamkamata, akamwinua juu ya maji, na samaki akafungua mdomo. Watoto wakamwagika mkononi mwa Wariara, wazima wote, kama punje za mtama zenye macho.

Akawarudisha majini, mama na watoto. Akaketi. Watoto wakamzunguka mama yao, na mama akafungua mdomo, na wakaingia.

Jioni akaniambia, "Hawali. Anawaficha."

"Mdomoni?"

"Mdomoni. Na siku zote akiwa nao hali chochote. Nimemwekea posho mbele ya pua. Anaiangalia tu."

Alihesabu. Siku kumi na mbili yule mama hakula. Siku hizo zote Wariara alikuwa anaamka kabla ya jua.

Bwana Machupa alikuwa na kitabu kilichosema samaki wote wa vidimbwi vitatu ni samaki mmoja. Wanatoka mito mingi, lakini ni mmoja. Wariara akamwambia hapana. Ni ukoo mmoja, lakini mbari tatu. Mbari kwetu ni nyumba ndani ya ukoo: babu mmoja, lakini kila nyumba na desturi yake.

Bwana Machupa akasema kwa Kiswahili chake cha shamba, "Hapana. Kitabu nasema moja. Wewe nakosa."

"Kitabu hakijachimba shimo," Wariara akasema. "Bwana aketi hapa."

Akaketi, juu ya sanduku, mzungu mzee na kofia yake, kando ya bibi yangu. Wariara akamwonyesha. Baba wa samaki ndiye anayechimba shimo mchangani la kumwita mama. Wa kidimbwi cha kwanza anachimba kama bakuli, safi mpaka chini. Wa cha pili anaacha kilima kidogo katikati ya shimo, kama titi. Wa cha tatu hachimbi sana, anafagia tu, na wakati wa kuoa midomo yake inageuka rangi ya samawati. "Mimi sijui kusoma," Wariara akasema, "lakini mtu akijenga nyumba ya namna nyingine kila mara, huyo si wa mbari yangu."

Wakakaa mpaka jua likawa kichwani. Halafu Bwana Machupa akajifungia na chupa zake, akahesabu miiba ya migongo ya wale waliokufa. Juma zima. Siku ya nane akateremka mtoni, akavua kofia.

"Tatu," akasema.

Akaandika kitabuni. Kama aliandika pia ni nani aliyemwonyesha, sijui. Kizungu sikisomi.

Mwaka wa hamsini na nne nchi ilikuwa imeshaharibika kwa vita vya msituni. Wakikuyu wengi walikuwa wametolewa kwa mashamba ya Bonde la Ufa, wamepakiwa kwa malori, wamerudishwa rizavu, maeneo tuliyotengewa na serikali, ambako hawakuwa na hata mahali pa kusimama. Sisi tulibaki kwa sababu Bwana Machupa alisema anatuhitaji. Lakini mwezi wa sita alikwenda Mombasa na masanduku ya chupa kupeleka kwa meli. Na alipokuwa huko, wakaja kutuchuja, kutafuta nani anawalisha wapiganaji wa msituni.

Walikuwa ofisa mmoja mzungu, kijana, askari wanane, na mzee Mkikuyu aliyeletwa kutoka rizavu kutafsiri. Mzee huyo aliitwa Hezekiah. Koti zuri, ndevu nyeupe. Wakakaa ndani ya stoo ya mahindi, meza moja. Tukapangwa mstari. Ukiingia unaulizwa. Ukitoka upande wa kushoto unarudi kazini, ukitoka upande wa kulia kuna lori. Lori lilikuwa limesimama langoni, mkia wazi. Hakuna aliyeuliza linakwenda wapi.

Yule ofisa alikuwa amejifunza Kikuyu kwa kitabu, na alikuwa na majivuno nacho. Alitusalimu mmoja mmoja. Matamshi yake yalikuwa kama mtu anayetembea na viatu vya mwingine.

Wariara alikuwa mbele yangu. Mlango ulikuwa wazi, niliona yote.

"Jina," Hezekiah akasema.

Nyuma kwenye mstari Wanjugu akanong'ona ile minong'ono ya kusikika. "Nyina wa Thamaki." Wanawake wakabana cheko. Hata siku hiyo.

Wariara akageuka akawatazama. Halafu akamgeukia Hezekiah. "Umesikia. Mimi ni Nyina wa Thamaki. Andika hivyo."

Ofisa akainua kichwa.

Kitabu chake hakikuwa na neno la samaki. Nani angemfundisha mzungu neno la samaki kwa Kikuyu? Lakini kilikuwa na neno lingine linalofanana nalo. Kiongozi kwetu, mtu mkubwa wa kusemea watu, ni muthamaki. Wakiwa wengi ni athamaki. Ofisa akaweka kalamu chini, akasema pole pole, amefurahi kama mtu aliyeokota shilingi:

"Mama wa athamaki?"

Akamtazama Hezekiah. Na Hezekiah, kabla hajafikiri, akatikisa kichwa kwamba ndiyo. Mkubwa akikuuliza kama ameelewa, unasema ameelewa.

Yakaanza.

"Hao wako, unawalisha wewe?"

"Kila siku. Asubuhi na jioni."

"Wanakaa wapi?"

"Mtoni."

"Wangapi?"

"Walikuja arobaini. Sasa siwezi kuwahesabu."

Ofisa alikuwa anaandika mbio. "Wanakula nini?"

"Posho. Mvua ikinyesha, kumbikumbi."

"Ni kundi moja?"

"Ukoo mmoja, mbari tatu. Wengine wametoka Athi, wengine Ewaso Ng'iro, wengine Baringo."

Ofisa akasimama, akaketi tena. "Wana silaha?"

Hapo niliona bega la Wariara likitulia. Alikuwa ameelewa. Akamtazama Hezekiah, na Hezekiah alikuwa ameshaelewa pia. Macho yake yalikuwa mezani.

"Wana miiba mgongoni," Wariara akasema, polepole, akimwambia Hezekiah. "Ukiwashika vibaya utatoka damu. Mzee, ni thamaki. Wa majini. Wewe unajua."

Hezekiah akakohoa. Alikuwa ameshatikisa kichwa mbele ya watu. Akasema chini chini, "Mimi najua ulichosema mwanzo."

"Nilichosema mwanzo ndicho hiki."

Ofisa akauliza amesema nini. Hezekiah akamwambia, anasema wanajificha majini. Ofisa akapiga meza. Akataka majina matatu, kiongozi mmoja wa kila mbari. Jua likifika kichwani na majina hayajatoka, mama huyu apande lori, na mumewe nyuma yake.

Wakamweka nje, kwenye kivuli cha stoo, askari mmoja kando. Hezekiah akatoka akaniita. Alikuwa mpole sasa. "Zungumza na bibi yako. Jina moja tu, tumalize. Hata la mtu aliyekufa. Sote tutakwenda nyumbani."

Nitaandika nilichofanya. Nilikwenda nikachuchumaa mbele yake, nikamwambia, "Taja Kamotho."

Kamotho alikuwa jirani yetu. Kichomi kilimuua mwezi wa tatu. Nilimwambia hawatamfufua wamfunge.

Wariara alinitazama mpaka nikaangalia kwingine.

"Kamotho ana mke," akasema. "Watamuuliza nani?"

Nikachora mchangani kwa kidole.

"Na wewe ni baba wa nani? Jina la kuitwa bado hujapata, na unataka kuuza la mwingine."

Hilo neno nimelibeba. Hakulirudia tena, hata tukigombana vipi, hata siku moja. Hakuwa na haja.

Akasimama bila kuambiwa. Askari akainua bunduki kidogo. Wariara akampita, akaingia stoo, akasema kwa Kiswahili, ofisa asikie mwenyewe:

"Mimi nawapeleka. Waje askari wote. Hao ni wengi."

Tukateremka mtoni. Askari mbele wameinama, ofisa na bastola, Hezekiah nyuma na koti lake zuri kwenye matope, halafu mimi, halafu watu wote wa ule mstari kwa sababu hakuna aliyekumbuka kuwakataza. Kimaiyo alikuja pia, fimbo chini ya kwapa. Askari wakazunguka vidimbwi, wakalala kwenye nyasi, bunduki zinaangalia mafunjo.

Wariara akaokota kifuniko cha debe pale kilipokaa siku zote. Akakigonga kwa jiwe. Mara tatu, akangoja, mara mbili.

Maji yakachemka. Wakaja wote juu, midomo wazi.

Ofisa akanong'ona, "Wako wapi?"

"Hawa," Wariara akasema. "Wasalimie."

Askari mmoja, Mjaluo, akainuka kwenye nyasi akachungulia. "Bwana," akasema, "hiyo ni ngege. Kwetu tunakula na ugali." Mwenzake akacheka kwa pua. Halafu wote.

Kimaiyo akauliza, uso mkavu kabisa, "Bwana, tuwafunge pingu? Shida hawana mikono."

Masikio ya ofisa yalikuwa mekundu. Akamgeukia Hezekiah. "Kwa nini hukuniambia ni samaki?"

"Bwana," Hezekiah akasema, "sisi samaki hatuli."

Mtu mwenye akili angerudi kwa gari lake. Lakini watu walikuwa wamecheka, na askari wake walikuwa wamecheka. Akatoa karatasi mfukoni, akamwandikisha Hezekiah juu ya goti. Karatasi ilisema mwanamke huyu aliidanganya serikali kwa makusudi, na anakubali. Wariara aweke dole gumba, basi, arudi nyumbani. Wino ukaletwa.

Wariara akaweka mikono nyuma.

"Sikudanganya," akasema. "Uliuliza jina, nikakupa. Uliuliza wanapokaa, nikakupa. Uliuliza wanachokula, nikakupa mpaka kumbikumbi."

Ofisa akaangalia vidimbwi, akaangalia uso wake. Alikuwa kijana lakini hakuwa mjinga. Aliona mahali pa kumshika. Akachukua jembe lililokuwa pale, akampa askari, akamweka juu ya ukingo wa kidimbwi cha kwanza.

"Dole," akasema, "au jembe."

Ukingo ule ukipasuka vidimbwi vyote vitatu vinakwenda. Miaka miwili ya kuamka kabla ya jua. Wakati huo kina mama watatu, mmoja kila mbari, walikuwa wametoa watoto, wanaogelea nao karibu na majani. Wariara alikuwa ameniambia jana yake. Maji ya Molo yana nguvu, na watoto wale hawakuwa hata urefu wa kucha.

Mimi nilitamani aweke dole. Nasema kweli. Dole ni nini?

Akainama. Nilifikiri anakwenda kwa wino. Akaokota kile kifuniko cha debe, akaingia kidimbwi cha kwanza mpaka magoti, na akakipiga juu ya jiwe kwa nguvu zake zote, hovyo, bila hesabu. Wengine wote wakazama. Karibu na majani yule mama akafungua mdomo, na watoto wakaingia kama moshi unavyorudi kwenye bomba. Akafunga. Wariara akatoka, akaingia cha pili. Akapiga. Akaingia cha tatu. Askari na jembe lake alikuwa anangoja tu, kama mtu anayengojea bibi wa nyumba amalize kufagia.

Aliporudi, gauni limeshikamana na miguu, akamwambia yule askari, "Sasa pasua."

Akapasua. Maji yakatoka ya kwanza, yakavuta ya pili, yakavuta ya tatu. Niliwaona wakipita, migongo ya fedha, kidevu cha mmoja kimevimba. Wakaingia Molo, wakaenda.

Lori liliondoka na wanaume kumi na mmoja. Wariara halikumchukua, wala mimi. Angetaka kumchukua, ofisa angelazimika kuandika sababu, na sababu yake ilikuwa inaogelea kwenda Baringo. Kati ya wale kumi na mmoja alikuwemo mume wa Wanjugu. Kulikuwa na gunia la posho ya samaki limebaki nusu. Wariara alilibeba kichwani siku hiyo hiyo mpaka mlangoni kwa wale watoto saba, akaliweka chini, akarudi. Wanjugu alilipokea kwa mikono miwili, mikono ile iliyoondoa kibuyu.

Bwana Machupa aliporudi alishuka mtoni, akaona matope yamekauka yakapasuka. Wariara akamweleza. Akaketi kwenye sanduku lake. Aliuliza swali moja tu: wale wenye watoto walikuwa wamefunga midomo? Wariara akamwambia ndiyo. Akavaa kofia. Mwaka uliofuata wachunga ng'ombe wa chini huko wakasema kuna samaki mtoni ambaye hawamjui, anachimba shimo lenye kilima katikati. Wariara akaomba ruhusa ya siku moja aende akaone. Alirudi na matope mpaka shingoni, akapika huku akiimba.

Mugure alizaliwa hamsini na sita, na akalia, na watu wote wakamwita mama yake Nyina wa Mugure kama inavyotakiwa. Nami nikaitwa baba wa mtu. Wariara aliitika hilo jina. La kwanza pia aliliitika mpaka juzi. Wanjugu, tulipokutana naye uzeeni sokoni Nakuru, hakumwita kwa lingine, na wakakumbatiana.

Hayo ndiyo ningetaka yasomwe. Hata yote yakiwa marefu, yasomwe tu mwisho wake, pale mtoni, maji yakiwa yameisha kutoka.

Ofisa alitaka karatasi yake ifungwe kabla hajapanda gari. Akamwambia Hezekiah amuulize mama huyu mara ya mwisho, apate kuandika: athamaki wako wapi. Hezekiah akauliza bila kuinua macho, kalamu mkononi. Wariara alikuwa amesimama katikati ya kidimbwi kitupu, matope mpaka magoti, kifuniko cha debe bado amekishika. Mimi nilikuwa karibu naye kama kutoka hapa hadi mlangoni. Alimjibu kwa Kiswahili, polepole, kila mtu asikie, na maneno yake ni haya, sikuongeza wala sikupunguza:

"Andika hivi, mzee: athamaki wamehama, na hakuna hata mmoja aliyefungua mdomo."